Simba wa Vita Alipochekesha

Mtu anateleza, mwenzake anamparamia, wote chini! Vichekesho vya filamu bubu havikuhitaji mkalimani. Katika The Rink ya mwaka 1916, Charlie Chaplin anahudumu mkahawani, kisha anavaa viatu vya magurudumu na kuvuruga ukumbi mzima.

Tanganyika nayo ilipata mcheshi wake.

Mwanzoni mwa miaka ya 1950, Rashidi Kawawa, mtumishi wa ustawi wa jamii aliyekuja kuitwa Simba wa Vita, aliigiza katika Muhogo Mchungu, mkasa wa mshamba aliyeingia Dar es Salaam. Filamu hii ilikuwa na sauti, tena ya Kiswahili, ila mshamba kubabaika mjini ni kichekesho cha tangu enzi za filamu bubu.

Baadaye mcheshi huyo aligeukia siasa: Oktoba 1973, chama tawala cha TANU kilipoamua makao makuu ya serikali yahamie Dodoma, Waziri Mkuu wa Tanzania alikuwa Kawawa huyohuyo.