Wimbo Umeulipia, Ufunguo Anao Nani?

Juma hili nataka tuzungumzie jambo linaloonekana dogo, nalo ni kuhamisha nyimbo kutoka chombo kimoja cha mfukoni kwenda kingine. Nyimbo zikikataa kuhama, wengi hudhani kwamba waya umeharibika, au mwenye chombo hajui kukitumia. Historia inatuambia vingine. Mara nyingi chombo kilikuwa kizima kabisa; kilichozuia ni kufuli lililotiwa kwa makusudi.

Tuanzie kwenye kaseti. Kampuni ya Philips ya Uholanzi iliionyesha mjini Berlin mwaka 1963, na baadaye ikawaruhusu watengenezaji wengine waiunde bila malipo, mradi wafuate vipimo vyake. Ndiyo maana Walkman ya Sony, ilipotoka mwaka 1979, ilicheza kanda yoyote iliyokuwamo nyumbani. Matatizo ya kaseti yalikuwa ya kutibiwa kwa mkono: mkanda ukilegea, penseli, kichwa cha mashine kikichafuka, pamba na spiriti. Kweli, nakala ya nakala ilikuwa na mvumo, lakini hapakuwa na mtu aliyeomba ruhusa kwa mashine yake. Hapa kwetu pwani taarabu iliingia majumbani kwa njia hiyo hiyo.

Mambo yaligeuka wimbo ulipokuwa faili la kompyuta. Nakala ya faili haichoki. Ya mia ni sawa na ya kwanza. Makampuni ya muziki yakaingiwa na hofu, na siwalaumu kwa hofu hiyo, maana mwanamuziki naye hula kwa jasho lake. Mwaka 1998 ilipotoka Rio, chombo kidogo cha kuchezea faili za MP3, walikwenda mahakamani huko Marekani kuizuia, wakashindwa. Chombo kikiwa hakizuiliki, dawa ikawa kuufunga wimbo wenyewe. Vyombo vya Sony vya mwaka 1999 vilikuja na programu iliyohesabu: wimbo ulitolewa kwenye kompyuta mara tatu tu, na aliyetaka kuutoa tena alilazimika kurudisha nakala moja kwanza, kama kitabu cha maktaba.

Mwaka 2001 ikaja iPod ya kampuni ya Apple. Humo nyimbo zilikwenda upande mmoja, kutoka kompyuta kuingia kwenye chombo. Zilifichwa ndani kwa majina ya herufi nne yasiyo na maana, na aliyekubali chombo kilinganishwe na kompyuta nyingine alifutiwa za zamani. Mafundi wakatambua kwamba jina la wimbo na la mwimbaji yameandikwa ndani ya faili lenyewe, wakatunga programu za kuzitoa nyimbo na kuzirudishia majina yake.

Lakini nyimbo za duka la Apple, lililofunguliwa Aprili 2003 na kuuza wimbo mmoja kwa senti 99 za Marekani, zilikuwa na kufuli la pili. Aliyetaka kuzipeleka kwenye chombo cha kampuni nyingine alizichoma kwanza kwenye CD, kisha akazisoma upya kutoka humo. Kufuli lilitoka, na sauti ikapungua ubora kidogo.

Kisa kinachonikera zaidi ni cha Microsoft. Aprili 2008 ilitangaza kwamba mwisho wa Agosti itafunga mitambo iliyotoa funguo za nyimbo ilizokwisha kuuza. Maana yake, mteja akinunua kompyuta mpya, nyimbo zake hazitahama naye. Watu walipiga kelele, kampuni ikarudi nyuma na kuahidi kuendelea hadi mwisho wa mwaka 2011. Tazameni ajabu hii: aliyeiba wimbo hakuwa na shida yoyote, kwa kuwa wimbo wa wizi haukuwa na kufuli. Aliyefungiwa ni yule aliyelipa.

Februari 2007 Steve Jobs, mkuu wa Apple, aliandika barua ya wazi akiyataka makampuni makubwa manne ya muziki yakubali kuuza bila kufuli. EMI ilikubali mwaka huo huo, na Januari 2009 Apple ikatangaza kwamba duka lake lote litafunguliwa. Ikadhaniwa kwamba mambo yamekwisha.

Hayakwisha. Mei 2022 Apple ilitangaza mwisho wa iPod. Leo wengi hawanunui wimbo, bali hulipa kila mwezi ili wausikilize. Hapo swali la kuhamisha limekufa, kwa sababu hakuna kilicho chako cha kuhamisha. Malipo yakikoma, wimbo nao unakwenda zake. Mimi sisemi tuache njia hiyo. Nasema wimbo usiotaka kuukosa ununue usio na kufuli, uweke nakala mahali pawili. Wazee walisema nguo ya kuazima haisitiri.

Hadi juma lijalo, kwaherini.