Turing na dawa ya mahakama

Aliyesomea kompyuta chuoni hawezi kukosa kukutana na Alan Turing. Makala yake ya 1936 ndiyo tunayoanzia tukifundishwa mashine inaweza kukokotoa nini na haiwezi nini. Kisha mhadhiri hutaja vita, Bletchley Park na siri za Wajerumani, halafu huruka hadi kifo chake. Hapo katikati pana jambo lisilofaa kurukwa.

Januari 1952 nyumba yake karibu na Manchester iliibwa. Akaripoti polisi. Katika kuhojiwa akakiri kuwa na uhusiano na mwanamume mwenzake, na mlalamishi akageuka mshtakiwa. Tarehe 31 Machi mahakama ikamwachia njia mbili: jela, au mwaka mmoja wa kupewa homoni ya kike.

Iliitwa matibabu. Hebu angalia mantiki yake. Miaka ya 1940 madaktari wa Marekani waliwapa mashoga homoni ya kiume, wakidhani wamepungukiwa nayo. Baadhi yao hamu ikazidi, na bado ni kwa wanaume. Programu ikikujibu hivyo unajua dhana yako ndiyo mbovu. Uingereza wao wakageukia homoni ya kike, ambayo huua hamu yote bila kugusa mtu anampenda nani. Ni kama kuzima seva kisha uripoti kuwa hitilafu imeisha!

Turing aliota matiti, akapoteza nguvu za kiume. Kwanza vidonge, baadaye kipandikizi pajani. Wapo wanaosema alikubali mwenyewe. Alikubali vipi, na jela imekaa upande wa pili? Daktari anayejua hilo na bado anaandika dawa ameshaingia kazi ya askari jela.

Dawa ilikoma 1953. Tarehe 7 Juni 1954 alikufa kwa sayanidi, akiwa na miaka 41. Uchunguzi ukaamua alijiua, ingawa wapo wanaobisha. Mimi sidai homoni ndizo zilizomuua; madhara yaliyoonekana yanatosha.

Waziri Mkuu Gordon Brown aliomba radhi 2009, msamaha wa Malkia ukatoka Desemba 2013. Maelfu ya wengine waliohukumiwa kama yeye walingoja hadi 2017. Sheria yenyewe, ya 1885, ilisafiri na ukoloni: maneno yake yamo katika kifungu cha 165 cha Kanuni ya Adhabu ya Kenya, na Mei 2019 Mahakama Kuu yetu ilikataa kukifuta.