Moyo wa Mama Ulivyosahauliwa

Akina mama wenzangu, mwaka 1964 huko Portland, jimbo la Oregon, Marekani, wanawake waliitwa kwenye mkutano wa ugonjwa wa moyo. Wakafundishwa nini? Jinsi ya kutunza moyo wa baba. Wa kwao haukuulizwa! Enzi hizo ulihesabiwa kuwa ugonjwa wa wanaume, mama ni mpishi na muuguzi tu.

Hata utafiti ulikwenda hivyo hivyo. Mwaka 1989 yalitolewa majibu ya madaktari 22,071 waliojaribiwa aspirini kuzuia mshtuko wa moyo. Wote wanaume. Kwao ilisaidia. Mwaka 1991 Bernadine Healy, daktari wa moyo na mwanamke, aliandika kwamba mwanamke mpaka aonekane anaumwa kama mwanaume ndipo atibiwe kama yeye.

Baadaye walijaribiwa wanawake 39,876, watumishi wa afya, wengi wao wauguzi, kwa miaka kumi hivi, sawa na umri wa kikundi chetu. Majibu yakatoka mwaka 2005: kwa jumla aspirini haikuwapunguzia mshtuko wa moyo wa kwanza, ila kiharusi kilipungua. Kumbe dawa haikufanya kazi sawa!

Na dalili je? Maumivu ya kifua hutupata sisi pia. Lakini mama mara nyingi zaidi huishiwa pumzi, husikia kichefuchefu, huchoka kupita kawaida, au huumwa mgongo na taya. Naye husema ni vidonda vya tumbo tu, akaendelea kusonga ugali.