Parafini Gani Hiyo Unasema?

Sikizeni. Kuna neno tunalitumia hapa Isiolo kila siku kana kwamba tunalijua, na wengi wetu hatulijui. Neno lenyewe ni parafini. Mtume mtoto dukani Bula Pesa akuletee parafini ya fifty, atarudi na kitu cha kuwasha stovu. Geuza chupa ya mafuta ya kupaka watoto usome lebo, na mara nyingi jina la kwanza kabisa utakaloona ni "Paraffinum Liquidum". Nenda kwa kemisti useme choo kimekuwa kigumu, unaweza kupewa dawa ya maji mazito, bila rangi, na hiyo pia imeandikwa parafini. Halafu stima zikipotea usiku unawasha mshumaa. Mshumaa wenyewe ni parafini.

Jina moja. Lakini moja kati ya hivyo mtoto akikinywa anaweza kufa, na kingine daktari mwenyewe anakwambia unywe kijiko. Si hiyo ni shida?

Mimi nilianza kulifuatilia hili neno kwa sababu ya nyanya yangu, ambaye sisi tunamwita akko. Ngozi ya miguu yake ilikuwa imekauka mpaka inapasuka, akaandikiwa mafuta mazito meupe ya kopo. Binamu yangu wa Form Three akamsomea lebo kwa sauti, maana akko hapaki kitu asichokijua. Alipofika kwa maneno "white soft paraffin", akko alichukua kifuniko akafunga kopo. Akasema kwa Kiborana kwamba yeye si koroboi. Tulicheka sana, lakini hakuna mtu kwenye hiyo nyumba aliyekuwa na jibu la kumpa. Kwa akko, parafini ni ile inayonuka, inayotoa moshi mweusi, ile iliyomchoma mtoto wa jirani. Nani basi atamwambia ati aipake miguuni?

Jibu linaanzia mbali, mwaka 1830, kwa Mjerumani anayeitwa Carl von Reichenbach. Huyu msee alikuwa anachunguza lami, ile nyeusi ya kunata inayotoka mbao zikichomwa bila hewa ya kutosha. Ndani yake akapata kitu cheupe kama nta. Akakijaribu na asidi kali na kemikali nyingine, hakikushtuka. Kilikataa kuungana na chochote. Basi akakipa jina kutoka Kilatini: parum, yaani kidogo sana, na affinis, yaani mwenye uhusiano. Kwa hiyo parafini, ukiitafsiri vizuri, ni kitu kisicho na jamaa. Msee wa kujitenga, haingii kwa mbogi ya mtu yeyote. (Reichenbach mwenyewe baadaye alipoteza miaka mingi akitafuta nguvu fulani ya ajabu aliyoiita Od, na wanasayansi wenzake wakakataa kumwamini. Hiyo ni stori ya siku nyingine.)

Angalia vizuri: parafini ya kwanza ilikuwa nta. Ilikuwa kitu kigumu, cheupe, kisicho na noma. Sasa ilifikaje kuwa maji ya stovu?

Biashara ndiyo iliyofanya hiyo kazi. Mwaka 1850, Mskochi James Young alipata hataza ya njia yake ya kuchoma makaa ya mawe polepole ili atoe mafuta. Ndani ya hayo mafuta mlikuwa na ile nta ya Reichenbach, kwa hiyo yakaitwa mafuta ya parafini. Akatajirika nayo mpaka watu wakamwita Paraffin Young. Na unajua watu na majina marefu: "mafuta ya parafini" yakakatwa yakabaki "parafini". Hapo ndipo jina lilihama kutoka kwa nta likaingia kwa kimiminika, na Waingereza wakalibeba hivyo mpaka leo.

Ng'ambo ya bahari kulikuwa na Abraham Gesner, daktari na mwanajiolojia wa Nova Scotia, ambayo sasa ni sehemu ya Kanada. Mwaka 1846 alionyesha watu mafuta yake ya taa, na akayatengenezea jina kutoka neno la Kigiriki keros. Keros ni nini? Nta! Kerosini na parafini, majina mawili yaliyotoka kwa watu wawili waliokuwa mbali kabisa, na yote mawili yanaelekea kwenye nta ya mshumaa. Wamarekani wakachukua kerosini kwa yale ya taa, na parafini wakaiachia nta. Ndiyo maana ukitazama video ya Mmarekani anayetengeneza mishumaa jikoni akisema anayeyusha parafini, usikimbilie chupa ya mamako. Hamzungumzii kitu kimoja.

Sisi tulitawaliwa na Waingereza, kwa hiyo tukapata parafini. Lakini serikali yetu huandika kerosini. Kila tarehe 14 EPRA ikitangaza bei mpya ni petroli, dizeli na kerosini. Mama wa duka atakwambia parafini imepanda. Msomaji wa habari atasema mafuta ya taa. Na jirani yangu Msomali anasema gaas. Mlete kijana wa Nairobi akae kwa huyo jirani wiki moja, aambiwe alete gaas, na utamwona akibeba mtungi wa kilo sita begani. Mji wetu ni huo: Waborana, Wasomali, Wameru, Waturkana, Wasamburu, kila mtu na jina lake, na pampu ni moja.

Kati ya majina yote, mimi napenda mafuta ya taa. Halijifanyi limesoma. Linakwambia kazi ya kitu. Shida ni kwamba kazi yenyewe imeisha. Tangu kama 2012, wakati kampuni kama M-KOPA zilianza kuuza sola za kulipia pole pole kwa M-Pesa, koroboi zimekuwa zikirudi nyuma nyumba kwa nyumba. Watu wengi wa rika langu hapa mjini hawajawahi kufanya homework kwa koroboi. Mafuta ya taa siku hizi yanapika chai. Jina limebaki na kazi ambayo mwenyewe alishastaafu.

Kuna mahali pengine haya mafuta yaliacha alama kwa lugha yetu bila sisi kujua. Zamani yalikuwa yanafika Afrika Mashariki kwa meli, yakiwa kwenye makopo ya bati ya galoni nne, makopo mawili kwa kila sanduku la mbao. Mafuta yakiisha, kopo halitupwi. Linachotea maji, linapimia mahindi, likikatwa na kunyooshwa linaezekea nyumba. Kopo hilo ndilo debe. Debe la mahindi sokoni mpaka leo ni kipimo cha kopo la mafuta. Kura tunatia debeni. Na mheshimiwa anayekuja hapa kila miaka mitano kupiga debe, basi ajue anapiga kopo la nani. Eti debe tupu haliachi kuvuma. Hiyo mimi nimeiacha hapo.

Turudi kwa akko na kopo lake, maana wanakemia ndio waliomalizia kuchanganya watu kabla ya kujaribu kurekebisha. Waliendelea kuchunguza wakagundua kwamba ile nta, yale mafuta ya taa, hata gesi ya methani inayotoka kwenye matope ya kinamasi, kwa sehemu kubwa ni ukoo mmoja: haidrokaboni ambazo kaboni zake zimeshikana kwa mkono mmoja mmoja, na nafasi zote zilizobaki zimejazwa haidrojeni. Wakauita ukoo wote parafini. Yaani yule asiye na jamaa akageuka kuwa jina la ukoo mkubwa kuliko mjomba yeyote unayemjua! Mwaka 1892 wanakemia walikutana Geneva wakakubaliana kuhusu majina yenye mpangilio, na parafini za zamani ndizo hizi alkani tunazokariri Form Three. Mwalimu wangu hakuwahi kutuambia kwamba alkani ndiyo parafini ya duka. Angetuambia, nadhani ningeelewa siku ya kwanza.

Tofauti kubwa ni urefu wa mnyororo. Kaboni moja, ni methani. Tatu au nne, ni gesi ya mtungi. Kama kumi hadi kumi na sita, ni mafuta ya taa: mepesi, yanapanda hewani, yananuka, yanashika moto haraka. Ukizidi ishirini unaelekea kwenye nta. Parafini ya dawa, ile ya kopo la akko na ile ya kulainisha choo, ni mizito na imesafishwa sana mpaka haina harufu. Inakaa juu ya ngozi inazuia maji yasitoke, basi. Hilo ndilo jibu ambalo akko alistahili kupewa siku ile. Ila hata yeye hakuwa amekosea sana: kitambaa au shuka iliyolowa mafuta ya aina hiyo ikikauka nayo inaweza kushika moto haraka, kwa hiyo usikae karibu na jiko ukiwa umejipaka mpaka nguo inanata.

Na kama unafikiri ile maana ya kwanza, ya nta, ni mambo ya makumbusho ya Ulaya, uliza kuhusu mafuta ya Turkana. Machi 2012 yalitangazwa kupatikana kwenye kisima cha Ngamia 1, na hapa Isiolo watu wakaanza kununua ploti kwa sababu ya LAPSSET, maana bomba la kutoka Lokichar kwenda Lamu lilipangwa kupita kaunti yetu. Kitu ambacho wauza ploti hawakusema ni kwamba mafuta yale yamejaa parafini ya Reichenbach, ile nta. Yakipoa yanaganda. Bomba lake lazima lipashwe moto njia nzima. Shehena ya kwanza iliyoondoka Mombasa Agosti 2019, kama mapipa 200,000, ilishushwa kutoka Turkana kwa malori yenye matangi ya kuhifadhi joto. Waganda nao wana mafuta ya aina hiyo hiyo, na ndiyo maana bomba lao la kwenda Tanga, kilomita 1,443, linahitaji kupashwa joto mwanzo hadi mwisho. Bomba la kupashwa ni ghali. Kwa hiyo neno lililotungwa 1830 liko ndani ya hesabu ya ploti ya babako.

Lakini hasira yangu iko mahali pengine. Kwa sababu mafuta ya taa na dizeli ni majirani kabisa kwenye ule mnyororo, yanachanganyika vizuri. Na kwa sababu mafuta ya taa yalikuwa na kodi ndogo, kuna watu walikuwa wanayatia kwenye dizeli na kula tofauti. Mwaka 2018 serikali ikaongeza ushuru wa shilingi 18 kwa kila lita ya mafuta ya taa ili wachakachuaji wakose faida. Sawa, wachakachuaji waliumia, na mauzo ya mafuta ya taa yalishuka sana. Ila mama wa stovu hakuwa na lori wala dizeli. Wengine walihamia gesi, wengine walirudi kwa makaa na kuni. Waliobaki wananunua kidogo kidogo, ya fifty, ya thirty.

Na ukinunua ya thirty unaenda na chombo gani? Chupa ya soda. Hapo ndipo neno linapoua. Mafuta ya taa ni maangavu kama maji, chupa ni ile ile mtoto anayoijua, na jua la Isiolo mnalijua. Mtoto wa miaka miwili hasomi lebo. Hata hakuna lebo, kuna picha ya soda.

Ikitokea, usimtapishe. Najua utaambiwa mpe maziwa, mtie kidole atapike. Usifanye. Haya mafuta ni mepesi sana, akitapika au kukohoa yanateleza kuingia kwenye mapafu, na mapafu ndiyo yanayoharibika vibaya kuliko tumbo. Mpeleke hospitali hapo hapo, hata kama anaonekana yuko sawa, maana kupumua kwa shida kunaweza kuanza baadaye. Beba chupa yenyewe. Na ukifika usiseme tu amekunywa parafini, kwa sababu ushaona parafini ni ngapi. Sema ni ya stovu, sema ni kiasi gani, sema ni saa ngapi.

Kwetu sasa inakaa kwa kagaloni ka buluu juu ya kabati, kifuniko kimekazwa, na nje imeandikwa kwa maka nyeusi neno moja: STOVU.