Neno ambalo Richard Pryor aliliacha Nairobi

Jamaa alikuwa anatumia lile tusi kama chumvi. Unalijua, lile la herufi N ambalo Wazungu wa Marekani waliwabandika watumwa, kisha watoto na wajukuu wao. Richard Pryor alilipeleka mpaka kwenye jina la albamu yake ya mwaka 1974, na albamu ikashinda tuzo ya Grammy. Alieleza baadaye kwamba alitaka kulitoa makali: alirudie hadi lisiume tena.

Alizaliwa 1940 huko Peoria, Illinois, akalelewa na bibi yake aliyeendesha danguro. Alipoanza uchekeshaji alikuwa mpole, akimuiga Bill Cosby, mpaka usiku mmoja wa 1967 akashuka jukwaani Las Vegas katikati ya onyesho. Pryor tunayemkumbuka alikuja baada ya hapo.

Katika albamu hiyo ya 1974 kuna kipande cha polisi. Mzungu akisimamishwa barabarani, anamsalimia askari kama jirani. Mtu mweusi naye anatangaza kwa sauti kila mahali mkono wake unapokwenda, asije akapigwa risasi kwa kutafuta leseni. Halafu kwenye filamu yake ya 1979 akaeleza jinsi polisi wa Los Angeles wanavyokaba watu shingo hadi kufa. Ukumbi mzima ulicheka. Eric Garner alikabwa shingo na polisi New York mwaka 2014, akafa. Miaka 35 baadaye! Kwangu mimi, vichekesho vile ni ushahidi, ila vilitolewa mahali ambapo hakuna hakimu.

Mwaka huohuo wa 1979 akaja Kenya. Akiwa amekaa kwenye ukumbi wa hoteli, akatazama watu wa kila rangi wakiendelea na shughuli zao, kisha akajiuliza kama anamwona hata mmoja anayestahili kuitwa lile neno. Hakumwona. Akaamua kuliacha, na kisa hicho akakisimulia katika filamu ya *Live on the Sunset Strip*, iliyotoka Machi 1982.

Wakenya tunapenda sana hadithi hii, na si ajabu. Mtu wa Peoria anafika nchi ambayo rais, askari na karani wote ni weusi, anapumua. Mimi namwamini kabisa. Lakini hebu tuangalie kile ambacho hakikuonekana kutoka kwenye kiti cha hoteli.

Desemba 1978 Ngũgĩ wa Thiong'o alikuwa ametoka kizuizini baada ya karibu mwaka mzima bila kesi. Kabla ya kukamatwa, serikali ilikuwa imepiga marufuku *Ngaahika Ndeenda*, mchezo aliouandika na Ngũgĩ wa Mirii na kuchezwa na wakulima na wafanyakazi wa Kamĩrĩĩthũ, Limuru. Kumfunga mtu bila kumshtaki, tuliurithi mtindo huo kwa Mwingereza. Na Machi 1982, mwezi uleule Wamarekani wanalipa tiketi kumsikia Pryor akiisifu Kenya, polisi walifika Kamĩrĩĩthũ na kuubomoa ukumbi wa wanakijiji. Polisi weusi, ukumbi wa watu weusi.

Ndiyo maana vichekesho vyetu vilichelewa kumgusa mkubwa hadharani. Mwishoni mwa miaka ya 1990, vijana watatu waliosoma Chuo Kikuu cha Kenyatta, KJ, Tony Njuguna na Walter Mong'are, walianza kumwigiza Moi katika Redykyulass, naye bado yuko Ikulu. Ati leo watoto wa TikTok wanaona ni jambo dogo. Ilikuwa jambo kubwa. Kuna wazazi waliocheka huku wamepunguza sauti ya TV.

Kile kipande cha polisi nimekiskiza mara nyingi, na kinachonishangaza ni kwamba ukikileta Nairobi hubadilishi kitu. Unamtoa tu yule Mzungu anayesalimia, unaweka kijana wa Runda ndani ya gari la baba yake. Sisi wengine, tukisimamishwa saa nne usiku tukitembea kwa miguu, tunajua maneno yetu: "Afande, naingiza mkono mfukoni. Natoa kitambulisho. Ni kitambulisho tu, afande."