Bei ya Mnazi, Bei ya Mchanga

Katika mila ya Wadigo wa Kwale, pwani ya Kenya, shamba moja lingeweza kuwa na wenyewe wawili. Ardhi ni ya ukoo, mnazi ni wa aliyeupanda. Mtu aliweza kuweka rehani minazi yake kumi bila kugusa udongo iliposimama, na mrithi wake akaendelea kuangua nazi katika ardhi isiyo yake. Wazee na majirani ndio waliokuwa mashahidi, na mipaka ilikaa vichwani mwao. Utaratibu huo ulitosha Diani, ukatosha Vanga, na ukatosha bara kidogo huko Kikoneni, hadi alipofika mtu aliyetaka kuinunua ardhi yote kwa mpigo.

Mtu huyo wa kwanza alikuwa serikali ya kikoloni. Ilipohitaji ardhi ya kupitishia reli ya kwenda Uganda, miaka ya mwisho ya karne ya 19, haikujitungia kanuni mpya. Ilichukua sheria ya India ya mwaka 1894 na kuitumia Afrika Mashariki. Sheria hiyo iliagiza mwenye ardhi alipwe bei ya soko, kisha aongezewe asilimia 15 kwa kuwa hakuuza kwa hiari yake. Kikawa kifuta machozi chenye hesabu.

Lakini ili ulipwe, sharti kwanza utambulike kuwa mwenyewe. Sheria ya hatimiliki ya 1908 iliwataka wakazi wa ukanda wa pwani wapeleke madai yao. Ardhi isiyodaiwa ikahesabiwa kuwa ya Mfalme wa Uingereza. Waliokuwa na hati za Kiarabu na mawakili walidai. Wamijikenda wengi, Wadigo wakiwemo, hawakudai, na ndiyo sababu neno "skwota" hadi leo humwangukia mtu aliyezaliwa papo hapo, na babu yake kazikwa papo hapo.

Kenya huru ilitunga sheria yake ya utwaaji mwaka 1968. Asilimia 15 ikabaki palepale.

Jaribio kubwa la hesabu hiyo katika Kwale lilitokana na mchanga. Katikati ya miaka ya 1990 kampuni ya Tiomin ya Kanada iligundua titani kwenye vilima vya Maumba na Nguluku, upande wa Msambweni. Chini ya sheria ya madini ya 1940, kilichokuwa ardhini kilikuwa mali ya serikali. Mkulima alibaki na kilichokuwa juu: nyumba, mihogo, minazi, mikorosho. Kampuni ilianza kwa kutaja shilingi 9,000 kwa ekari. Wakulima wakakataa.

Mwaka 2001 watatu kati yao walifika Mahakama Kuu ya Mombasa kwa niaba ya wenzao. Jaji aliisimamisha kazi ya kampuni, akitumia sheria ya mazingira ya 1999 iliyokuwa bado mbichi. Mivutano ikaendelea miaka kadhaa, na bei iliyokuja kulipwa ilikuwa shilingi 80,000 kwa ekari, karibu mara tisa ya ile ya kwanza. Udongo ulikuwa uleule. Kilichobadilika ni kwamba wenyewe walikuwa wamekataa.

Familia nyingi zilihamia Bwiti, upande wa Mrima, jirani na Kikoneni. Ekari ina bei, na mti uliokomaa hupangiwa bei yake katika orodha ya mthamini. Ila mnazi huchukua miaka kadhaa kabla ya kuzaa, na miaka hiyo ya kungoja mtu hula. Kaburi nalo lina gharama ya kulihamisha. Kuwa mbali nalo hakuna safu yake kwenye fomu.

Base Titanium, iliyorithi mradi wa Tiomin mwaka 2010, ilisafirisha shehena ya kwanza mapema 2014 na kumaliza kuchimba Desemba 2024. Katikati ya muda huo sheria ilisogea. Katiba ya 2010 inataka fidia ya haki ilipwe yote na upesi, na inaruhusu hata anayeishi kwenye ardhi kwa nia njema bila hati alipwe. Sheria ya madini ya 2016 iliitengea jamii ya mahali asilimia 10 ya mrabaha, na marekebisho ya sheria za ardhi ya 2019 yakaleta faharasa ya thamani ya ardhi pamoja na baraza la kusikiliza malalamiko ya fidia. India, ilikotoka asilimia 15, iliipandisha hadi 30 mwaka 1984 na hadi 100 mwaka 2013. Kenya haijapandisha.

Na kilima cha Mrima kinasubiri. Chini yake kuna niobi na madini adimu. Juu yake kuna msitu wa kaya, mtakatifu kwa Wadigo. Serikali ilipofuta leseni ya kampuni ya Cortec mwaka 2013, wawekezaji waliishtaki Kenya mbele ya baraza la usuluhishi la Washington, wakidai zaidi ya dola bilioni mbili kwa ajili ya kilima ambacho hawakuwa wamekichimba. Walishindwa mwaka 2018, kwa kuwa leseni haikufuata masharti ya kulinda mazingira. Siku mthamini atakapopanda Mrima tena, atakuwa na kazi ya kuuliza msitu ule ni wa nani, na huenda akapewa majibu mawili.