Malele, Mali ya Mitini

Ukiupanda Mlima Meru kupitia lango la Momella, ukikaribia kibanda cha Miriakamba, kwenye mita 2,500 hivi, utaona miti imefuga ndevu. Ndevu kweli, za kijivu zenye ukijani, zinaning'inia matawini na kunywa ukungu. Hazina mizizi, hazina majani, wala hazinyonyi mti. Wataalamu huziita kuvumwani, na hapo Kiswahili kimepatia, maana ndani yake wanaishi viumbe wawili: kuvu anayejenga nyumba na kutunza maji, na mwani mdogo sana anayepika chakula kwa mwanga wa jua. Mswisi Simon Schwendener alipolitangaza jambo hilo katika miaka ya 1860, wanasayansi wenzake wengi walimpinga vikali. Eti viumbe wawili wawe mmoja!

Ndevu hizo nimezitia kwenye riwaya ninayoiandika, ila za kwangu zinawaka usiku. Sina aibu na uongo huo. Wapo uyoga wanaotoa mwanga gizani, na zipo kuvumwani zinazong'aa zikimulikwa kwa mwanga wa urujuanimno, basi mimi nimevichanganya tu. Taabu ilianza pale rafiki yangu mmoja, mtoto wa mjini hasa, aliposoma kurasa za mwanzo akaniuliza: sasa hizo ndevu nani anaziuza?

Bwana we, swali hilo lilininyima usingizi. Nilikuwa na mwanga, nilikuwa na mlima, soko sikuwa nalo. Nikaenda kulitafuta kwenye historia, na historia ikanishusha kutoka Meru mpaka pwani.

Pwani huko, kwenye vichaka vikavu vinavyopigwa na upepo wa bahari, huota ndugu wa ndevu zetu. Waswahili wa zamani waliyaita malele, na kwa jina la kitaalamu ni Roccella. Ukiyaona huwezi hata kuinama kuyaokota, vijiti vyembamba vya kijivu, kama takataka zilizonasa mtini. Kumbe ndani yake mna rangi ya zambarau. Lakini rangi hiyo haitoki kwa kubembelezwa. Malele husagwa, yakalowekwa kwenye mkojo uliochacha, yakakorogwa na kupigishwa hewa kwa siku nyingi, ndipo zambarau inapojitokeza. Mkojo, ndugu msomaji! Na hariri zilizotiwa rangi hiyo zilivaliwa na watu wasiotaka hata kusikia neno lenyewe.

Kule Florence, Italia, ukoo wa Rucellai ulitajirika kwa rangi hiyo katika Zama za Kati, hata jina la ukoo linahusishwa nayo. Baadaye wafanyabiashara wa Ulaya wakayafuata malele hadi visiwa vya Kanari na Cape Verde. Karne ya 19 ikawa zamu yetu. Kuanzia pwani ya Benadiri, kwenye miji ya Merka na Barawa, kushuka hadi Msumbiji, malele yalichumwa, yakajazwa majahazini, na mengi yakapitia Unguja kabla ya kupanda meli za Ulaya. Katika orodha za bidhaa za Unguja za wakati ule utayakuta yamekaa na wakubwa: pembe za ndovu, karafuu, sandarusi, ngozi.

Hapa ndipo nilipokwama kwa muda mrefu. Orodha za namna hiyo zinakupa uzito, zinakupa thamani kwa dola. Mchumaji hana safu yake. Yule aliyeingia kwenye miiba, akakwangua tawi baada ya tawi mpaka gunia likajaa kitu chepesi kisichotaka kujaa, hayumo. Tena kuvumwani nyingi hukua milimita chache tu kwa mwaka. Tawi ulilolikwangua leo, huenda mwanao ndiye atakayelikuta limeota tena.

Halafu likatokea la kutokea. Mwaka 1856, jijini London, kijana wa miaka 18 aitwaye William Henry Perkin alikuwa akihangaika nyumbani kwao kutengeneza kwinini, dawa ya malaria, kutokana na lami ya makaa ya mawe. Kwinini hakuipata. Alipata uchafu mweusi, na alipousafisha kwa spiriti ukageuka zambarau. Mwaka uliofuata alikuwa na kiwanda. Malele hayakufa siku hiyo, biashara yake iliendelea miaka mingi baadaye, lakini rangi za viwandani ziliongezeka, zikashuka bei, na mwisho soko likayasahau. Mimi ningelibuni jambo hilo kwenye riwaya, mhariri angelifuta: mtu anatafuta dawa ya homa inayotuua sisi, anaishia kuua biashara yetu.

Yalibaki mabaki, nawe umewahi kuyashika. Ile karatasi ya litmasi ya maabara ya shule, inayokuwa nyekundu ukiichovya kwenye ndimu na buluu ukiichovya kwenye maji ya majivu, rangi yake asili yake ni kuvumwani za jamii hiyo hiyo. Tulizichovya sisi darasani, tukazitupa, tukaandika jibu.

Nimeiandika upya sura ya pili. Sasa inaanza na mchumaji. Nimempa jina, gunia, kamba ya kupandia, na deni kwa mwenye duka kule chini Usa River, ambaye mizani yake haijawahi kukaguliwa na mtu. Ndevu bado zinawaka juu ya kichwa chake, lakini mwanga huo nimeupa mistari miwili tu. Iliyobaki ni yake.